Sauti Iliyolala Chini ya Wimbo

Wiki jana mliniacha mlangoni mwa studio ya marehemu Évode, ufunguo mkononi, mvua mgongoni, naogopa kuingia. Basi niliingia. Heri ningebaki nje nikalowa.

Kwa anayenisoma leo kwa mara ya kwanza: naitwa Mukunde. Ni Mnyarwanda niliyezaliwa Bujumbura, mtaa wa Buyenzi, kwa wazazi wakimbizi. Kazi yangu ni filamu, na sisemi kipande kimoja cha kazi hiyo. Nimeshika kamera, nimeshika maikrofoni, nimekata picha na kuziunga, nimeshona nguo za waigizaji, na siku mwigizaji wetu wa kucheza bibi alipougua nilijifunga kilemba nikawa bibi mwenyewe. Mwaka 1993 Bujumbura ilipochafuka nilipoteza mchumba wangu na kamera yangu kwa mkupuo mmoja. Mwaka uliofuata, mwezi wa Agosti, nilivuka mpaka wa Akanyaru na deki moja ya video mgongoni kama mtoto, nikaingia Kigali, mji niliokuwa nimeimbiwa tangu utotoni na ambao sikuwahi kuukanyaga.

Niliukuta kimya. Waliokuwa wanazurura ni mbwa, tena walikuwa wamenenepa.

Mjane wa Évode ndiye aliyenipa studio ile, pale mtaa wa Gitega wa Kigali. Évode alikuwa mpiga video za harusi, wauaji wakamuua Aprili, mauaji ya kimbari yalipoanza. Deki zake waliiba, kamera waliiba, hata mapazia waliyang'oa. Mikanda hawakuigusa. Ukuta mzima wa mikanda, kila mmoja umeandikwa jina la bwana harusi na bibi harusi na mwaka.

"Kaa nayo," mjane aliniambia. "Mimi siwezi kulala nyumba moja na watu wote hawa."

Nilidhani ni maneno ya msiba. Wiki haikuisha nikamwelewa.

Maana watu walianza kuja. Hawakuja kupigwa picha, nani alikuwa na harusi wakati ule? Walikuja kutafuta watu wao. Mtu anaingia, anavua kofia, anasema, "Dada, washa tu. Nikimwona nitamjua." Nami nawasha. Wanapita pale kwenye kioo cha televisheni wamevaa suti na mishanana, vazi letu la kufunga begani, wanacheka, wanacheza, wananyoosha glasi kwa kamera. Mtu aliyekaa kwenye benchi anataja: huyu hayupo. Huyu hayupo. Huyu naye hayupo. Halafu anashtuka: "Simamisha! Simamisha hapo!"

Nilikuwa nasimamisha. Mkanda ukisimamishwa picha hutetemeka, basi ilikuwa kama maiti anatetemeka kwa baridi. Usiku nilikuwa naota nimealikwa harusini na kila ninayemsalimia ananiuliza, "Nimetoka vizuri?"

Sasa nije kwa Viateur, maana najua wengi mmenunua gazeti kwa ajili yake. Msomaji mmoja wa Kigoma ameniandikia kwamba mimi ni mwepesi wa kupenda na mzito wa kufikiri. Ahsante, kaka. Ungekuwa karibu mwaka ule ningekusikiliza.

Viateur alikuja kunitengenezea jenereta. Mrefu, mpole, mikono safi kuliko ya mafundi wengine. Aliniambia naye ni mtoto wa wakimbizi, amekulia Ngozi huko Burundi, ameingia Kigali baada ya vita kama mimi. Studio ile ilikuwa na giza hata mchana, kwa sababu Évode alikuwa amepigilia mablanketi madirishani ili mwanga usiharibu kioo. Kwa hiyo kila akija Viateur aliwasha tochi, akamulika soketi, na akasema kwa Kinyarwanda maneno yaleyale.

"Mwanga kwanza, maneno baadaye."

Nilicheka. Nikadhani ni utani wa mafundi umeme. Baadaye nikaanza kuungoja, na baadaye tena nikaanza kujipaka mafuta kabla haujafika.

Jambo moja lilinipita. Kijana aliyefika juzi alikuwa anajua vichochoro vyote vya Gitega, pa kukatia kwenda Biryogo, pa kupita mvua ikijaza mtaro. Nikajisemea ana kichwa cha njia. Mapenzi yakikupata hata kasoro unaipa jina zuri.

Tukafanya gusaba. Mnaojua mila zetu mnajua: wazee wa upande wa kijana wanakuja kumwomba binti, wazee wa upande wa binti wanajifanya wagumu na kuwahoji. Kijana wenu ni mwana wa nani? Wa kilima gani? Nani anamjua? Watu wanacheka na kunywa, lakini swali lenyewe si la mchezo. Ndilo linalowalinda mabinti wetu.

Ila mwaka ule Kigali haikuwa na wazee wa kutosha. Tulikuwa tunaazimana wajomba. Wangu alikuwa mzee Eustache, jirani, niliyemfahamu tangu Septemba. Wa Viateur walimtoa kwenye foleni ya mahindi ya msaada, wakamvika koti.

"Kijana wenu anatoka kilima gani?" akauliza Eustache.

"Kilima cha Mungu," akajibu yule mjomba wa kuazima.

Tukapiga makofi. Mimi nilipiga kuliko wote. Ndoa ya kanisani ikapangwa Jumamosi ya kwanza ya Desemba.

Ni katika siku hizo za kushona gauni ndipo alipokuja Gahongayire.

Alikuwa msichana wa umri wa miaka kama ishirini, ndani ya sweta la kiume lililomfika magotini. Hakukaa kwenye benchi. Alisimama, mgongo ukutani, akitazama mlango.

"Unamtafuta nani?" nikamuuliza kwa Kinyarwanda changu kilichojaa Kirundi.

"Tuongee Kiswahili tu," akasema. "Baba alikuwa anaendesha lori la Mombasa, alitufundisha. Kinyarwanda sikitaki siku hizi."

"Haya. Unamtafuta nani, mdogo wangu?"

"Mama. Anaitwa Mukasine, wa Ndera. Iko mfupi, iko na pengo hapa." Akaonyesha meno ya mbele. "Alienda harusi ya binamu yangu Kibagabaga, mwaka tisini na mbili. Mimi nilikuwa shuleni Butare, masista hawakunipa ruhusa."

"Picha yake huna?"

"Nyumba ilichomwa, dada. Hata kijiko sina."

Tuliupata mkanda. Tukaangalia. Kanisa, keki, wazee na mirija yao ndani ya mtungi wa pombe. Halafu mama mmoja mfupi anakuja kuelekea kamera, sahani ya chakula mkononi, mwanga wa taa unampiga usoni hadi anakunja macho. Hatazami kamera. Anamtazama mtu aliyesimama kando ya kamera, juu kidogo. Anasema kitu, anacheka, pengo linaonekana. Kisha ghafla picha inaingia giza, na inayofuata ni watu wanacheza.

"Mana yanjye," Gahongayire akasema. Mungu wangu. Akapiga magoti mbele ya kioo. "Rudisha."

Nikarudisha. Akaweka kidole kwenye mdomo wa mama yake.

"Anasema nini?"

Hapo ndipo ilipokuwa kazi. Midomo ya mama ilikuwa inacheza, lakini aliyesikika alikuwa mwanamume anaimba mapenzi kwa gitaa. Sisi watu wa harusi ndiyo ilikuwa desturi yetu, Bujumbura na Kigali vilevile: maneno ya wageni ni kelele, unayafuta, unalaza wimbo juu. Mteja anafurahi. Nimefanya hivyo harusi nyingi mno, na sikuwahi kufikiri kwamba kuna mtu atakuja kuyaulizia.

"Mtoe huyo mwimbaji," Gahongayire akasema.

"Hatoki. Wimbo umekaa mahali pa sauti. Sauti yenyewe imefutwa."

"Dada, nimeanza kusahau alivyokuwa anaongea." Alisema polepole, kama mtu anayekiri wizi. "Sura ninayo. Sauti inaondoka. Kila siku inaondoka kidogo. Na ile nyingine haiondoki."

"Ipi nyingine?"

Akatazama mlango tena.

"Walipokuja nyumbani nilikuwa darini. Sikuona sura ya mtu. Niliona tochi tu, inapita kwenye nyufa za mbao. Na mmoja wao alikuwa anaongea kwa upole, kama mtu aliyekuja kusaidia."

"Alisema nini?"

"Siwezi kuyasema. Nikiyasema yatakaa mdomoni mwangu. Ndiyo maana nakuambia tuongee Kiswahili."

Sikumuuliza tena. Nilimwahidi kwamba nitajaribu. Niliahidi ili aache kunitazama vile, si kwa sababu nilikuwa na njia.

Njia ililetwa na Viateur.

Aliingia mchana mmoja amebeba kitu kimefungwa kwa shuka, tochi mdomoni. Akakiweka mezani, akakifunua. Deki mpya kabisa, ya zile kubwa, yenye taa za kijani zinazoruka sauti ikipita.

"Ya bibi harusi," akasema. "Wengine wanatoa ng'ombe."

Nikamrukia shingoni. Sikumuuliza ameitoa wapi. Siku zile hakuna aliyeuliza kitu kimetoka wapi, kila nyumba ilikuwa na kiti cha nyumba nyingine.

Alipoondoka nikavaa hedifoni na kuanza kuijaribu. Mkanda uliokuwa karibu ni ule wa Kibagabaga. Nikabonyeza, nikangoja gitaa.

Gitaa halikuja.

Zilikuja sahani. Zilikuja kelele za watoto, kiti kinaburutwa, mtu anakohoa. Nikavua hedifoni nikadhani kuna watu nje. Nje hakukuwa na mtu. Nikaivaa tena, harusi nzima ikanijaa masikioni, wafu wote wanaongea kwa pamoja.

Ndipo nilipokumbuka mambo niliyofundishwa zamani. Mkanda wa video una njia mbili za sauti. Moja iko pembeni, ndiyo tunayoifuta na kulazia wimbo. Ya pili imezama chini ya picha yenyewe, na deki za kimaskini kama ile yangu haziisikii. Évode alikuwa na mashine nzuri. Alilaza wimbo juu, na sauti ikabaki chini imelala, hai kabisa, miaka yote miwili.

Nilicheka peke yangu, nikalia, nikapeleka mkanda mbele hadi kwa yule mama mfupi.

Kwanza nikasikia sauti ya mwanamume, karibu mno na maikrofoni, inacheka. Ni mtu wa taa, yule anayesimama kando ya mpiga picha kumulika wageni.

"Mwanga kwanza, maneno baadaye," akasema.

Nikabana hedifoni masikioni.

Kisha mama akaongea. Sauti nyembamba, yenye utani.

"Viateur, mwanangu, weka taa chini, ule kwanza. Na siku ukipita Ndera uliza kwa Mukasine, geti la kijani. Usipite bila kula."

Na picha ikaingia giza, kwa sababu mtu wa taa alikuwa ametii. Aliiweka taa chini ili apokee sahani.

Nilirudisha. Nilirudisha tena. Nilitafuta Viateur mwingine ndani ya sauti ile na sikumpata. Kilikuwa kicheko chake, kile kinachoanzia puani. Mtu aliyeniambia hajawahi kufika Kigali kabla ya vita alikuwa amesimama Kibagabaga mwaka tisini na mbili, akila chakula cha mama wa Ndera.

Jioni nilimpikia ndizi na maharage. Nikamtazama anavyokula.

"Viateur," nikasema, "wewe kabla ya vita uliwahi kufika huku Kigali?"

"Mimi? Mtoto wa mkimbizi ningepitia wapi?"

"Hata kwa harusi ya mtu?"

Kijiko kikasimama.

"Harusi ya nani?"

"Nauliza tu. Nimechoka na harusi za watu, nataka kusikia ya kwako."

"Sijawahi kufika." Akanywa maji, akafuta mdomo taratibu. "Deki inafanya kazi?"

"Vizuri mno."

"Naona siku hizi unakaa na hedifoni. Unasikiliza nini?"

"Nyimbo," nikasema.

Akatabasamu, akaniongezea maharage kwenye sahani yangu, kwa mkono wake. Nikayala. Nawaambia ukweli, niliyala yote.

Sasa wewe msomaji uliyekaa kwako salama utaniuliza: ulingoja nini? Nilingoja niwe nimekosea. Nilijiambia kushika taa harusini si dhambi. Nilijiambia pengine alikuwa Kigali kwa siri, watu wengi walikuwa na siri zao na zilikuwa safi. Nilijiambia uongo mmoja haumfanyi mtu muuaji. Nilikuwa na miaka thelathini na minne, nimeshazika mchumba mmoja, gauni limebaki kupindwa. Nilimpenda. Nilimpenda hata wakati namwogopa, na hilo ndilo linalonitia aibu kuliko yote.

Tatizo lilikuwa Gahongayire. Nilimwahidi sauti ya mama yake. Na katika mkanda wote ule mama Mukasine alisema maneno yale tu, na maneno yale aliambiwa Viateur, kwa jina. Kumpa msichana mama yake ni kumpa na mwanamume wangu.

Basi nikafanya kazi niliyosomea. Niliweka mkanda wa asili kwenye deki mpya, mkanda mtupu kwenye deki yangu ya zamani, nikaanza kunakili. Lile neno la mwanga nililiacha nje. Jina nililiacha nje. Nilianzia kwenye "mwanangu", nikalainisha mwanzo wake ili usisikike kukatwa. Nilirudia hadi kucha ikauma. Ni kazi safi kuliko zote nilizowahi kufanya maishani mwangu, na ningekuwa na mwalimu pale angenisifu.

Alhamisi ile, mchana, mvua ikinyesha, Gahongayire akaja. Nikamkalisha. Mkanda wa asili niliuacha ndani ya deki mpya, umesimama palepale nilipokatia. Nikawasha nakala.

"Mwanangu, weka taa chini, ule kwanza. Na siku ukipita Ndera uliza kwa Mukasine, geti la kijani. Usipite bila kula."

Sijui niwaelezeje uso wake. Alifumba macho, akaweka viganja viwili kifuani kama mtu anayepokea mtoto asianguke.

"Ndiye," akasema. "Ndiye kabisa. Hakuacha mtu na njaa. Mama, wewe mama!" Alicheka na kulia. "Tena, dada. Rudia tena."

Nikarudia. Nikarudia tena. Nilikuwa nimeanza kupumua.

"Anaongea na nani?" akauliza.

"Na mtu wa taa."

"Iko hai?"

"Sijui."

"Nataka nimwone. Dada, hakuna mtu aliyebaki wa kuniambia 'nilimjua mama yako'. Huyu amekula mkononi kwake. Alimkaribisha nyumbani. Alifika? Kama alifika, alimkuta mama anafanya nini?"

"Gahongayire, ni zamani..."

"Anaitwa nani?"

"Hakusema jina."

Akafungua macho. Akanigeukia taratibu.

"Mama hakuwa anampa mtu chakula bila kumwita jina. Hata mwombaji. Alikuwa anamuuliza kwanza, unaitwa nani, halafu anamwita, halafu anampa. Tulikuwa tunamcheka. Alikuwa anasema chakula kisicho na jina ni cha mbwa."

Nikaanza kunyoosha nyaya ambazo hazikupinda.

"Rudia mwanzo," akasema.

Nikarudia mwanzo.

"Pale. Kabla ya 'mwanangu'. Mama hakuwahi kuanzia pale." Macho yake yalikuwa makavu sasa. "Kuna jina pale. Limeenda wapi, dada?"

Nilifungua mdomo. Nikaapa moyoni kwamba nitasema, na nikaapa moyoni kwamba sitasema. Kabla sijajua kiapo kipi ni cha kweli jenereta ikakohoa huko nyuma, ikakata. Kioo kikazima. Mablanketi yale ya Évode yakatufunika giza, mchana kweupe.

Nilisikia pumzi yake ikibadilika. Alikuwa amerudi darini.

"Ni petroli tu imeisha," nikamwambia. "Tulia. Tulia, mdogo wangu."

Nje kukawa na hatua kwenye matope. Dumu likagonga chuma. Mtu akavuta kamba ya jenereta, akavuta tena, ikanguruma. Taa za deki zikarudi, kioo kikawa buluu. Mlango ukafunguliwa, ukafungwa haraka ili mvua isiingie.

Tochi ikawaka.

Mwanga ukapita sakafuni kwenye nyaya, kama siku zote, ukapanda mezani, ukafika kwa msichana aliyeketi kwenye benchi, ukasimama usoni pake.

"Kumbe una mgeni," Viateur akasema. Kisha kwa Kinyarwanda, kwa upole wake wote: "Mwanga kwanza, maneno baadaye."

Gahongayire hakupiga kelele. Nilitamani apige. Alikunja macho kama mama yake kwenye mkanda, akaendelea kutazama ndani ya ile tochi.

"Dada," akaniambia kwa Kiswahili, sauti yake haina hata mtetemo, "huyu ni nani?"

"Mimi ni mume wake," Viateur akasema. "Jumamosi ijayo. Na wewe ni wa wapi, msichana? Una sura ninayoifahamu."

"Ya nani?" Gahongayire akauliza.

Tochi haikuondoka usoni pake. Nikaona mkono mwingine wa Viateur unapapasa nyuma, unatafuta kitasa.

Wote wawili walikuwa wananingoja mimi. Kidole changu kilikuwa kwenye deki mpya, zawadi yangu ya harusi, na ndani yake mkanda wa asili ulikuwa umesimama palepale nilipoukatia. Ningeweza kutoa mkanda ule nikauponda kwa kisigino. Ningeweza kusema huyu ni fundi tu, anaitwa fulani. Miaka yote mimi ndiye niliyeamua nani anasikika na nani analaziwa wimbo.

Nikabonyeza.

Kicheko kikatoka kwenye spika, kile cha puani. "Mwanga kwanza, maneno baadaye," akasema Viateur wa mwaka tisini na mbili. Viateur wa mlangoni akageuza kichwa, kama mtu aliyeitwa na nduguye.

Na mama Mukasine akatokea kwenye kioo, sahani mkononi, akitazama juu kidogo, pale pale Viateur alipokuwa amesimama.

"Viateur, mwanangu, weka taa chini, ule kwanza."

Wasomaji wangu, nimewaapia mara nyingi humu gazetini na mara nyingine nimewatania. Hili niaminini. Yule mwanamume aliinama, akaiweka tochi sakafuni. Polepole, kwa adabu, mikono miwili. Nadhani hakujua kwamba ameinama.

Kwenye kioo nako taa ikashuka, picha ikaingia giza, chumba chote kikaingia giza, na kilichobaki ni ule mwanga mdogo sakafuni, unamulika viatu vyake vyenye matope.

Katika mwanga ule nikaona miguu midogo ya Gahongayire inapita, haikimbii, inapita kando ya viatu vile hadi mlangoni. Nikasikia komeo likiingia. Alilifunga kwa ndani.

"Sasa maneno," akasema, kwa Kinyarwanda.